Masaa Sita Ndani ya Kanda ya Masaa Matatu

Jumanne, tarehe 9 Aprili. Asubuhi mvua ndogo kutoka ziwani, ikakata saa nne. Mchana jua, matope ya hapa Buhare yameanza kushika. Upepo hakuna.

Naandika haya kwa ajili yenu vijana mnaojaza muvi na video za harusi kwenye flashi na kadi za simu. Wiki iliyopita nilikuwa pale stendi nasubiri kutolewa kopi ya cheti, nikawasikia wawili wenu mnabishana. Mmoja anasema video ya ndoa ibanwe mpaka iingie kwenye simu ya mteja, mwingine anasema ikibanwa sana inaharibika, bora iachwe nzito hivyo hivyo. Mkaniona nasikiliza. Mmoja akasema, "Bibi, na wewe una mchango?" Mkacheka. Sikujibu, wala sikukasirika. Mimi nikiulizwa ghafla napotea. Nikaona nije niandike.

Kazi ya kurekodi na kukopi video nimeifanya miaka mingi, kwanza Musoma mjini, halafu Bunda, halafu nikarudi Musoma. Elimu yangu ni darasa la saba, kwa hiyo nikikosea jambo la kitaalamu mnisahihishe. Ninayo madaftari yangu ya kila siku, lakini nayo siyaamini sana. Sababu nitaifikia.

Fundi Masatu alinichukua kwa ajili ya mwandiko wangu. Alikuwa mtu wa Majita, fundi redio, ndipo akapata mashine za video kwa jamaa yake. Alihitaji mtu wa kuandika majina kwenye kanda, maana yeye mwandiko wake hata mwenyewe aliushindwa. Ilikuwa miaka ya foleni. Sabuni ilikuwa na foleni, sukari ilikuwa na foleni, ila kanda tupu hazikuwa na foleni kwa sababu hazikuwepo. Zilipitia Sirari, mpakani na Kenya, moja moja, zimeviringishwa kwenye kitenge kama mtoto mchanga. Kanda moja tuliifuta na kuirekodi tena mpaka inaanza kumwaga unga mweusi. Kuna ndoa tulirekodi juu ya ndoa nyingine, na ukiangalia vizuri mwishoni unamwona bibi harusi wa kwanza anapita nyuma ya wa pili. Hilo wateja hatukuwaambia. Ilitupasa tuwaambie.

Spiriti ya kusafishia vichwa vya mashine ilikuwa haionekani. Fundi akawa ananituma kwa mama mmoja wa Nyasho aliyepika gongo. "Mwambie nataka ile ya kwanza kutoka, ile inayowaka. Siyo ya kunywa." Yule mama akawa ananiuliza kila mara, "Kwani Masatu anaoa? Kila wiki chupa?" Nikimwambia ni ya kusafishia video anacheka mpaka anashika ukuta. Lakini ilisafisha kweli. Pia msisahau wale wadudu wadogo wa ziwani wanaokuja kama moshi. Waliingia ndani ya mashine wakajipaka kwenye kanda. Tulifunika mashine kwa kanga, na kanda tulihifadhi kwenye kopo la maziwa lenye mkaa chini, zisiote ukungu.

Ubishi wenu siyo mpya. Sisi tulibishana kanda ndogo na kanda kubwa. Fundi Masatu alikuwa na mashine zote mbili, lakini alishika kanda kubwa. Kule Kabasa, Bunda, kulikuwa na fundi anaitwa Chacha, yeye alishika kanda ndogo na hakutaka kusikia kingine. Wakikutana walianza tu.

"Masatu, wewe unauzia watu ukungu."

"Na wewe Chacha unauza picha nzuri ambayo haina wa kuiona."

Kwa haki, Chacha alikuwa sahihi kwa macho. Kanda ndogo ilikuwa na picha safi zaidi, nilizilinganisha mwenyewe. Lakini ndugu za watu waliokuwa Mwanza na Nairobi walikuwa na mashine za kanda kubwa, kwa hiyo ukimpa mtu kanda ndogo umempa kiboksi tu. Fundi alinifundishaga hivi: usimuulize mteja anataka kanda gani, muulize ataichezea wapi. Baadaye Chacha naye alihamia kanda kubwa kama wote. Sikumcheka. Fundi alicheka kidogo.

Sasa, kwenye kamera ya fundi kulikuwa na kitufe. Kikiwa juu, kanda ya masaa matatu inachukua masaa matatu. Ukikishusha, kanda inatembea nusu ya mwendo, inachukua masaa sita. Tuliita kubana. Fundi alikiogopa. "Hicho ni kama tairi la akiba," alisema. "Linakufikisha, lakini usiende nalo harusini." Mimi nikitazama picha iliyobanwa niliona haina tofauti kubwa, kwa hiyo moyoni nilimwona mwoga.

Siku moja akaja dukani mwanamke kutoka Nyamuswa, anaitwa Sabina. Alisimama mlangoni kwanza, akatazama kanda zilizopangwa.

"Dada, mnarekodi na mtu akiongea tu? Bila harusi?"

"Tunarekodi."

"Mama anataka kusema kabla hajaondoka. Ukoo wote ukiwepo."

Huyo Mama alikuwa Bibi Nyanjura. Mume wake alikufa akamwachia mabinti wawili, wote wakaolewa mbali, mtoto wa kiume hakuna. Bibi akafanya wanavyofanya akina mama wa huku wakikosa mtoto wa kiume: alitoa ng'ombe, akaoa mwanamke, ili wapatikane watoto wa kuitwa wa nyumba ile. Nyumba ntobhu. Wengi mnaijua, na msioijua muulize kwenu kabla ya kucheka. Mwanamke aliyeolewa ndiye huyo Sabina. Akazaa watoto watatu, wakapewa jina la marehemu. Sasa Bibi alikuwa mgonjwa wa kifua, na shemeji yake, Mzee Wambura, mdogo wa marehemu, alikuwa ameanza kusema kwamba Bibi akifa, nyumba na shamba la pamba vinarudi kwa ukoo, na Sabina aende kwao. Bibi alitaka aseme mbele ya wote, na isibaki kwenye midomo ya watu tu.

Kanda tupu dukani ilikuwa moja. Fundi akaniambia, "Mrekodi bibi. Wengine waache." Naandika hivyo alivyosema ili lawama zisimwangukie.

Nikafika Nyamuswa na kamera na betri ya gari. Wazee wamekaa, Bibi amekaa kwenye kigoda mlangoni kwake, Sabina amemshika mgongo. Mzee Wambura akasimama. Alikuwa mtu wa ng'ombe, sauti yake ilizoea kuvuka bonde.

"Wewe binti wa kamera. Unamrekodi nani?"

"Bibi, mzee."

"Na sisi ni kuku? Kama mashine inamsikia yeye, na mimi inisikie. Mwanzo mpaka mwisho, bila kukata!"

Wazee wengine wakaitikia. Nikamtazama Bibi. Akacheka, akakohoa. "Muacheni arekodiwe. Ana sauti, aitumie. Mimi nitasema mwisho, ndivyo ilivyo."

Nikahesabu wasemaji. Walikuwa kumi na mmoja, na hakuna hata mmoja mwenye sura ya kusema kwa kifupi. Kanda ya masaa matatu ingeisha Bibi hajafungua mdomo. Ningeweza kujifanya narekodi huku sirekodi, ndivyo wangefanya wengine, nami silaumu. Lakini niliona Wambura amesema haki: kama neno la mmoja linatunzwa, la mwenzake nalo litunzwe. Nikashusha kitufe. Nilijiona mtu mwenye haki sana siku ile.

Wakasema tangu asubuhi mpaka jua likapinduka. Bibi akasema mwisho, taratibu, kwa sauti ndogo isiyowafikia wazee vizuri, akipumzika kila baada ya maneno machache. Mimi nilikuwa natazama namba za kanda na taa ya betri. Kanda ikatosha. Nikashukuru Mungu.

Bibi alifariki kabla pamba haijavunwa.

Wakati wa matanga wakaniita niilete ile kanda. Hapo ruksa ya biashara ilikuwa imeshaanza, sabuni imejaa, redio zimejaa, na mfanyabiashara mmoja wa Bunda akaazima televisheni, jenereta na mashine yake mpya ya video, inang'aa, nailoni bado haijatolewa. Nilikumbuka mafundisho: itachezewa wapi? Nikauliza kama ni ya kanda kubwa. Wakasema kubwa. Nikaridhika. Sikuuliza kama inajua mwendo wa kubana. Haikujua. Ilijua mwendo mmoja tu.

Nikawasha. Wazee wakaingia kwenye picha wakikimbia, mistari myeupe imewakata vifua. Mzee mmoja aliyekuwa anatembelea fimbo akapita kama anafukuzwa na nyuki. Watu wakaanza kucheka, watoto wakajirusha chini. Nikakimbiza kanda mpaka kwa Bibi, nikidhani huko itatulia. Bibi akatokea, anakohoa harakaharaka, mikono inapigapiga, sauti kama ya videge vya shamba la mtama. Kicheko kikaanza tena, halafu kikafa chenyewe.

"Zima!" Aliyesema ni Mzee Wambura. Hakuwa amecheka hata kidogo. "Huyo ni shemeji yangu. Zima."

Nikazima. Akakaa, akasimama tena.

"Ila hiyo sauti siyo ya mtu. Mimi siwezi kuamuliwa na ndege. Kesho kutwa tunamaliza matanga. Kama maneno hayapo, Sabina afunge mizigo."

Nikasimama nikasema kosa ni langu, kanda ni nzima, ila mashine inaikimbiza. Mwanamke mmoja akasema kwa nyuma, "Kumbe na mashine inawahi chakula?" Hakuna aliyecheka.

Nikamfuata Sabina jikoni. Alikuwa anapanga sahani, hakuinua uso.

"Dada, Mama yumo humo au hayumo?"

"Yumo."

"Basi mtoe."

Kamera yenyewe ilikuwa na uwezo wa kucheza kanda iliyobanwa. Kesho yake nikapanda lori mpaka Musoma. Duka limefungwa. Jirani akasema fundi ameenda Butiama kurekodi kipaimara, na kamera kaichukua. Nikageuza, nikafika Butiama mchana, nikamkuta amekaa chini ya turubai na sahani ya pilau.

"Ulibana?" akauliza kabla sijamaliza salamu.

"Nilibana."

"Nilisema umrekodi bibi peke yake."

"Mzee Wambura alisema na yeye ana haki."

"Haki anayo, Perpetua. Kanda ndiyo tulikuwa hatuna."

Akaacha kula. Akaenda akaongea na mwenye sherehe pembeni, akarudi akanifungia kamera kwenye begi. Nusu ya kipaimara kile haikurekodiwa. Yule mtoto sasa ni mtu mzima, na kama anasoma hapa namwomba radhi, kabla sijasahau tena.

Kesho kutwa ikafika, nami nikafika. Nikaunganisha waya wa kamera kwenye televisheni, nikaanzia kwa Bibi. Mwendo ukawa sawa. Picha ilikuwa nzuri, hata mikunjo ya kanga yake unaiona. Lakini sauti. Kanda ikitembea polepole sauti inazama, hilo nilikuwa sijawahi kulipima, kwa sababu siku zote nilipima kwa macho. Bibi alikuwa kama mtu anayeongea ndani ya mtungi. Unamwona mdomo unacheza, unasikia mvumo, maneno hupati. Tukapandisha sauti, mvumo ukapanda. Nikarudia mara tatu.

"Haya," akasema mtu wa upande wa Wambura. "Bibi ametoka kwenye undege, ameingia kwenye ububu."

Sabina akasogea mbele. Alikuwa hajasema neno mbele ya wazee tangu mwanzo.

"Rudisheni kanda mpaka mwanzo. Mzee alisema bila kukata. Basi tusikate."

Mwenyekiti wa kikao, mtu wa makamo anaitwa Mgaya, akasema haya, rudisha. Tukatazama wasemaji mmoja mmoja. Wengi mvumo mtupu. Halafu akasimama Wambura kwenye kanda, na sauti ikatoka pale kama yupo: ile sauti ya kuita ng'ombe, hata kubanwa haikubanika. Alikuwa ananyoosha kidole.

"Namuonya huyu Sabina! Asije siku moja akachukua hawa watoto akapeleka kwa baba yake! Hawa ni wa kaka yangu! Ni wa nyumba hii! Mtu asiwatoe hapa!"

Siku ile aliogopa Sabina akienda kwao asije akawachukua watoto, ndiyo maana alisema hivyo. Mzee Mgaya akaniambia nisimamishe. Wambura akabaki kwenye kioo, mdomo wazi, kidole juu.

"Wambura, huyo nani?"

"Ni mimi."

"Hiyo sauti ni ya mtu au ya ndege?"

Watu wakatazama chini. Wambura alijitazama kwenye kioo. Angeweza kusema kanda imechezewa, na watu wangemwamini, maana juzi yake nilikuwa nimewaonyesha vituko.

"Ni yangu," akasema. "Nilisema."

"Watoto ni wa nyumba hii. Nyumba hii basi ni ya nani?"

"Ni ya kwao."

"Na mama yao?"

Wambura akapangusa uso kwa kofia. "Watoto hawalali peke yao."

Ikaisha hapo. Sabina alibaki, na anakaa pale mpaka leo. Nimesikia kwamba msimu uliofuata Wambura ndiye aliyepeleka ng'ombe wa kumlimia. Nalitaja kwa sababu watu wakisimulia hii habari wanamfanya mbaya tu.

Mnaweza kusema basi kubana kulisaidia, maana nisingebana Wambura asingekuwa na nafasi kwenye kanda. Nimelifikiria hilo mara nyingi. Inawezekana. Lakini nilipokuwa nakunja waya, Sabina alinijia.

"Dada, mwisho pale Mama alisema maneno mengi. Mimi nilikuwa nyuma, nimemshika mgongo, nilisikia kikohozi tu kwenye mikono yangu. Wewe ulikuwa mbele yake. Alisemaje?"

Nikatafuta kichwani. Nikaona namba za kanda zinapanda, nikaona taa ya betri. Nikamwambia nitaangalia kwenye daftari, naandikaga kila siku. Akafurahi.

Daftari ninalo hapa. Siku ile imeandikwa: Jumamosi. Jua kali, upepo kidogo kutoka mashariki. Nyamuswa, kikao. Wasemaji kumi na mmoja. Kanda moja, nimebana, imetosha. Jioni ugali wa mtama na mlenda.

Basi. Neno la Bibi hakuna hata moja. Sabina nilimwambia ukweli, akasema "haya dada", akanipa karanga za safari.

Baadaye zilikuja sidii za video, saa moja kila moja, na watu wakataka harusi nzima kwenye sidii moja. Mkibana sana, mtu akicheza ngoma anageuka vigae, mnayajua hayo kuliko mimi. Ile kanda ya Nyamuswa niliwahi kuipeleka kwa kijana wa kompyuta Bunda aisafishe sauti. Akajitahidi siku mbili. Alipata kikohozi kizuri sana.

Kwa hiyo wale wawili wa stendi, sijui nani kati yenu yuko sahihi. Simu ndogo ya mteja ni jambo la kweli, na kuharibika ni jambo la kweli. Mimi ningesema ulizeni itachezewa wapi, na mashine ya huko inajua nini. Halafu kabla hamjabana, fungeni macho msikilize, mkamtafute humo ndani mwenye sauti ndogo kuliko wote. Mbaneni kwa kipimo chake. Mwenye sauti ya kuita ng'ombe atasikika tu. Lakini hata hili nimelijua kwa kosa moja, labda halitoshi kuwa somo.

Mvua imerudi kidogo saa kumi na moja, ikaacha. Jioni tumekula ugali wa udaga, ule wa muhogo, na sato wa kuchemsha, tulikuwa watatu, mimi, mume wangu na wifi yangu. Mume wangu amesema, "Samaki wote huyu, mwiba umenitafuta mimi." Wifi akamjibu, "Umekujua ulivyo mroho." Nimeyaandika kama walivyosema.